Jikoni kwetu: Nyama ngumu, nanasi na moto mdogo



Juma hili tunaongea juu ya nyama ya ng'ombe. Najua kwa nyumba nyingi nyama si chakula cha kila siku. Inaonekana siku ya posho baada ya mshahara, au siku ya ubatizo, au mgeni akifika. Ndiyo maana inafaa tujue kuipika vizuri, kwa kuwa ile ikiharibika hakuna nyingine nyuma yake.

Tazameni namna inavyogawanywa. Tumeichemsha kwa moto mkali saa nzima, inatoka ngumu kama kamba. Baba anapewa vipande vizuri kwa heshima, vijana wakubwa wanafuata kwa kuwa wana meno, mama anabaki na mfupa, na mtoto mdogo anapewa bugali na supu. Tunajituliza kusema nguvu yote ya nyama imeingia ndani ya supu. Si kweli. Supu ina utamu, chumvi na mafuta, lakini sehemu kubwa ya protini na ya madini ya chuma inabaki ndani ya nyama yenyewe. Basi wenye kuhitaji zaidi, yaani mtoto anayekua na mama mwenye mimba au anayenyonyesha, ndio wanaopata kidogo.

Sisemi baba anyimwe. Nasema nyama ikipikwa mpaka ichambuke kwa kidole, inaweza kufika kwa kila sahani. Bibi asiye na meno anakula. Mtoto aliyepita miezi 6 anakula pia, ikipondwa vizuri na kuchanganywa na bugali laini au viazi.

Kwa kupika hivyo msinunue nyama laini ya bei kubwa. Muombe muuzaji nyama akukatie ya mguu chini ya goti, ya shingo au ya bega, ile yenye nyuzi nyeupe ambayo wengine wanaikimbia. Zile nyuzi ndizo zina siri. Zikipata moto mdogo kwa saa nyingi zinayeyuka na kuwa kama gundi laini, mchuzi unashika na nyama inalainika. Moto mkali unafanya kinyume: unakamua maji ndani ya nyama haraka kabla zile nyuzi hazijayeyuka. Kuongeza makala ili nyama iive mbio ni kulipa mara mbili.

Na matunda? Nasikia tayari: «Mwalimu, nyama na nanasi, hiyo ni desa au ni chakula?» Si jambo geni. Watu wa Maroko wanapika nyama na plamu zilizokaushwa, Wabelgiji wanapika sungura vilevile, na kwenye pwani ya Afrika ya Mashariki kuna wanaotia zabibu ndani ya pilau. Tunda linaleta ukali kidogo na utamu kidogo, na hivyo viwili vinakata mafuta ya nyama. Sisi tunalo nanasi, na hapa milimani tunayo binyomoro, yale matunda mekundu yenye umbo la yai. Anayetumia binyomoro avimwagie maji ya moto, amenye ganda, kwa kuwa ganda ni chungu. Vitano au sita vinatosha.

Kwa watu 8 tafuteni: nyama kilo 1 na nusu, nanasi 1 la kadiri lililoiva, vitunguu 3 vikubwa, tomate 4, punje 4 za kitunguu saumu, tangawizi ya ukubwa wa kidole gumba, mafuta vijiko 3 vikubwa, chumvi, na pilipili 1 nzima isiyopasuliwa. Cube ya supu haihitajiki hapa. Anayeitaka atie nusu, na apunguze chumvi.

Kateni nyama vipande vikubwa, kama ngumi ya mtoto, kwa kuwa vidogo vinakauka. Mpanguse maji kwa kitambaa safi. Mafuta yakishika moto sana, tieni vipande vichache vichache, muviache bila kuvigusa mpaka upande wa chini uwe kahawia, kisha mgeuze. Mkivijaza vyote mara moja vitatoa maji na kuchemka, na ile rangi haitakuja. Usiruke hatua hii hata kama wageni wako mlangoni. Ladha ya mchuzi inatoka hapo.

Toeni nyama, mkaange vitunguu ndani ya mafuta yaleyale mpaka vilegee, mtie saumu, tangawizi na tomate, mkikwangua chini ya sufuria. Rudisheni nyama, na nusu ya nanasi iliyokatwa vidogo pamoja na kile kiini kigumu cha katikati. Tieni chumvi, pilipili, na maji yafike nusu ya kimo cha nyama, yasiizamishe. Funikeni vizuri. Ikianza kuchemka, ondoeni sehemu ya makala ndani ya mbabula na mfunike yaliyobaki kwa jivu kidogo. Mchuzi utoe povu moja moja tu. Muda ni saa 2 na nusu mpaka saa 3, mkigeuza nyama mara mbili au tatu, na mkiongeza maji ya moto kidogo kama yanakauka. Nusu ya pili ya nanasi inaingia dakika 15 za mwisho, pamoja na kutoa pilipili kabla haijapasuka.

Tahadhari moja. Kuna wanaolaza nyama ndani ya nanasi mbichi usiku kucha ili ilainike. Nanasi mbichi ina kitu kinachovunja protini, kilekile kinachowasha ulimi mkila nyingi. Nusu saa inatosha. Usiku mzima nyama inakuwa uji kwa juu. Papai bichi ni hivyohivyo. Kikishapata moto kitu hicho kinakufa, basi ndani ya sufuria msiwe na hofu.

Sasa makala, maana najua ndiyo swali la kweli. Gunia linapanda bei, na makala mengi yanayofika Goma yanatoka kwa miti ya hifadhi ya Virunga, iliyoundwa mwaka 1925, na miti hiyo haituongojei. Kikundi cha wamama kinaweza kutengeneza kikapu cha kuhifadhi moto bila gharama kubwa: kikapu kikubwa chenye kifuniko, ndani kinajazwa majani makavu ya migomba na mablanketi ya zamani, na katikati panabaki nafasi ya sufuria. Nyama ikichemka kwa moto dakika 40 nzima, sufuria ikiwa imejaa angalau theluthi mbili, ichukueni na kifuniko chake bila kufungua, muizike ndani ya kikapu kwa saa 3. Itaendelea kuiva peke yake, nanyi mnaenda shambani au mkutanoni. Mkirudi irudi motoni, ichemke kabisa kabla ya kuliwa. Isilale humo, itaoza. Na wanaopika nyumbani wakati wa mvua: msifunge mlango na dirisha mbabula ikiwaka. Moshi usioonekana wa makala unaua watu.

Ileteni mezani na bugali au ndizi, na sombe au lengalenga pembeni. Nyama, hata kidogo, inasaidia mwili kuchukua chuma cha yale majani na cha maharagi. Nanasi iliyopikwa muda mrefu imepoteza vitamini C nyingi, basi wekeni kipande kibichi kwa kila mtoto baada ya kula. Chai isubiri saa moja au mbili, kwa kuwa inazuia chuma. Lakini mtoto mwenye macho na viganja vyeupe apelekwe kituo cha afya. Malaria na minyoo vinamaliza damu pia, na hapo sufuria peke yake haitoshi.

Mama mmoja wa kikundi ameuliza kama nyama ya mbuzi inafaa. Inafaa, ya bega na ya shingo, ila punguzeni nanasi mpaka nusu na muongeze tangawizi. Kwa beberu mzee hesabuni saa nne.