Picha Bulaya, mashimo kwetu



Tumezoea kusema siasa ni uchaguzi, barabara na umeme. Lakini kumbukumbu pia ni siasa. Inchi yenye haijue nani alichimba, nani alikula na nani aliachiwa vumbi, itamuuliza nani hesabu?

Njo maana leo tunaongea juu ya Sammy Baloji. Alizaliwa Lubumbashi mwaka 1978, akasoma kwenye chuo kikuu cha muji ule, kisha akashika kamera. Mwaka 2006 akatoa «Mémoire»: alikata wafanyakazi weusi kutoka picha za wakati wa ukoloni, akawasimamisha mbele ya viwanda vya Gécamines vyenye vimebomoka. Hakuna maelezo mengi. Unaona watu wenye walitoa jasho, unaona kutu yenye ilibaki, na wewe mwenyewe unaanza kujiuliza: makuta ilienda wapi? Katika video yenye jina lile lile, Faustin Linyekula anacheza ngoma ndani ya mabomoko hayo.

Si mambo ya zamani tu. Union Minière ilianza mwaka 1906, Gécamines ikarithi. Mwaka 2003, wafanyakazi zaidi ya 10 000 waliondoshwa kwa mpango wa Benki ya Dunia wenye uliitwa «départs volontaires». Kuondoka kwa hiari! Hiari gani, wakati mtu amekaa miezi na miezi bila mushahara? Watoto wao wengi ni wa rika letu.

Mwaka 2025, filamu yake «L'arbre de l'authenticité», juu ya Yangambi na mwanakilimo Paul Panda Farnana, ilipata zawadi ya majaji kule Rotterdam. Rotterdam waliiona. Kisangani, karibu na Yangambi kwenyewe, ni wangapi wameiona?

Kuna wenye watasema: mwenye njaa hana lazima ya picha. Sisi tunajibu: makampuni yanatunza mikataba, ramani na hesabu zao. Ni sisi tu njo tunaambiwa tusahau. Baloji na wenzake hawakungojea ruhusa: mwaka 2008 walianzisha Picha, na kutoka pale ikazaliwa Biennale ya Lubumbashi.

Tunaomba Leta mambo mawili. Kazi hizi zionyeshwe bure kwenye komini zetu, na maelezo kwa Kiswahili na Lingala. Na arshivi za makampuni ya Leta zifunguliwe kwa wanafunzi na wakaaji wote.

Na sisi vijana tusikae mikono mitupu. Wikendi hii, omba koko au tate yako akuonyeshe picha za kazini. Uliza majina, mwaka, mahali. Andika nyuma ya picha, piga kopi na telefone. Wazee wanaenda, na kila mmoja anaenda na majina yenye hatutapata tena.