Spika Nyumbani na Masikio ya Mtoto

Tangu Sheikh Mahmoud Khalil al-Husary wa Misri aliporekodi Qurani nzima mwaka 1961, watoto wengi hujifunza kwa kusikiliza. Lakini katika nyumba zetu za bati na kuta tupu, kama hapa Nyansurura, sauti hugonga ukuta ikarudi mwangwi. Ndipo sini, thaa na sadi huchanganyika; na herufi ikishakaa vibaya ulimini, kuing'oa ni kazi.

Basi fanyeni haya. Msiiweke spika kwenye pembe ya chumba, kwani pembe huzidisha besi ikafunika herufi. Ivuteni mbele, juu ya meza, ielekee masikio ya aliyeketi. Tandikeni mazulia na tungikeni pazia zito, maana nguo hunywa mwangwi. Zikiwa spika mbili, waya mwekundu uende kwa nyekundu na mweusi kwa nyeusi. Ya moja ikigeuzwa, besi huzimana. Wala msipandishe sauti hata ikakwaruza. Jirani naye ana haki yake.

Kisha mpelekeni mtoto kwa mwalimu, kwani spika husomesha sikio, haisahihishi ulimi. Wabillahi taufiki.