Rwanda: Fumbo la kuzidisha na lugha ya kulifumbua

Mkulima ana mistari 6 ya migomba na kila mstari una migomba 8. Je, ana migomba mingapi? Mtoto wa darasa la tatu anayeulizwa fumbo hilo kwa lugha ya nyumbani huongozwa na neno "kila": anatambua kuwa anapaswa kuzidisha, na anapata 48. Asiyelielewa neno hilo hubaki na namba mbili tu mbele yake. Ni rahisi azijumlishe na kuandika 14.

Kosa hilo linaloonekana dogo lina uzito wa pekee nchini Rwanda, ambako sera ya lugha ya kufundishia imebadilika mara kwa mara. Mwaka 2008 Serikali iliamua Kiingereza kitumike katika ngazi zote za elimu. Mwaka 2011 Kinyarwanda kilirejeshwa katika madarasa matatu ya mwanzo. Desemba 2019, Wizara ya Elimu ilitangaza kuwa Kiingereza kitumike tena tangu darasa la kwanza, Kinyarwanda kikibaki kuwa somo.

Watetezi wa sera hiyo wana hoja nzito. Rwanda ilijiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007 na Jumuiya ya Madola mwaka 2009, na Kiingereza kinafungua milango ya masomo na ajira. Aidha, mtoto anayekianza mapema hakutani na mabadiliko ya ghafla afikapo darasa la nne.

Hata hivyo, hesabu za mafumbo zinafichua gharama ya njia hiyo. Sita mara nane ni 48 kwa lugha yoyote, na jedwali la kuzidisha laweza kukaririwa hata na asiyejua maana ya maneno anayoyatamka. Fumbo halikaririki. Lazima lisomwe, lieleweke, kisha ligeuzwe kuwa tendo la hesabu. Kwa hiyo mwalimu anayeona 14 daftarini hawezi kujua mara moja kama mwanafunzi ameshindwa kuzidisha au ameshindwa kusoma. Makosa hayo mawili yana tiba tofauti, lakini alama inayotolewa ni ileile.

Nchi jirani zimechagua njia nyingine, nazo hazikosi ugumu. Mtaala wa Uganda ulioanza mwaka 2007 unatumia lugha za wenyeji hadi darasa la tatu, na darasa la nne huwa la mpito kuelekea Kiingereza. Nchini Tanzania, shule za msingi za umma kwa kawaida hufundisha kwa Kiswahili, na kikwazo hicho hujitokeza kidato cha kwanza. Kuchelewesha lugha ya kigeni hakukiondoi kikwazo, bali humpa mtoto muda wa kuielewa kwanza dhana yenyewe.

Kwa Rwanda, pengo hilo linaweza kupunguzwa bila kusubiri sera nyingine. Mwalimu anaweza kuchora mistari sita ubaoni, akaeleza kwa Kinyarwanda maana ya "buri", yaani "kila", kisha akasoma sentensi ya Kiingereza. Swali linalobaki kwa watunga sera ni iwapo mwalimu huyo atahesabiwa kuwa amefundisha vyema, au amekiuka utaratibu.