Filamu ya Wayahudi Isiipite Kisumu

Majuzi alinijia kijana mmoja mwenye kamera begani. Anatengeneza filamu juu ya historia ya Wayahudi katika Afrika Mashariki. Sinagogi ya Nairobi alikwisha ipiga picha, na sasa alikuwa njiani kwenda Mbale kwa Abayudaya, walioishika dini hiyo pamoja na Semei Kakungulu mwaka 1919. Hapa Kisumu alisimama kunywa chai tu.

"Mzee," aliniambia, "huku hakuna habari zao."

Nikamwonyesha milima ya Nandi, kaskazini ya mji. Nyuma yake kuna Uasin Gishu, nchi ambayo Serikali ya Uingereza ilitaka kuwapa Wayahudi mwaka 1903, walipokuwa wakichinjwa huko Urusi. Vitabu huuita "Mpango wa Uganda", ndiyo maana wengi wetu twadhani ni mambo ya ng'ambo. La hasha! Kisumu yenyewe ilikuwa Uganda mpaka 1902, na Chamberlain, waziri wa makoloni, alivutiwa na nchi hizi akisafiri kwa reli hii hii iliyofika ziwani mwaka 1901.

Mkutano wa Wazayuni huko Basel ulipiga kura, 295 kwa 178, watumwe watu waje kuikagua nchi. Mwaka 1905 waliikataa.

Simlaumu aliyenusurika mauaji ya Kishinev kwa kutafuta mahali pa kulaza ubavu. Wa kulaumiwa ni yule aliyegawa nchi ya wenyewe kana kwamba ni shamba la babake. Nani alimwuliza Mnandi? Nani alimwuliza Mmasai? Miezi michache tu baada ya kura hiyo ya 1905, Oktoba, Koitalel arap Samoei, kiongozi wa Wanandi, aliitwa kwenye mazungumzo ya amani akauawa na afisa Meinertzhagen. Na afisa huyo huyo, ambaye hakuwa Myahudi, baadaye alitumikia Palestina akawa mtetezi mkubwa wa Wazayuni.

Hapo kijana akaweka kikombe chini.

Filamu ya mambo haya ikiishia Basel na London ni nusu filamu. Mabwana wale waliacha makaratasi, nayo yamehifadhiwa vizuri. Wanandi walibaki na masimulizi ya baba zao, na wazee wanaoyajua wanazidi kupungua.

Kijana akaniuliza matatu za Nandi Hills hupandiwa wapi.