Mungu Anayetunga Misiba

Tumezoea kukemea tamthilia za kutisha kwa sababu moja tu: zinaonyesha mapepo. Kwa Supernatural ya Marekani, iliyorushwa kwa misimu 15 kuanzia 2005 hadi 2020, sababu hiyo haitoshi. Tuikemee kwa haki, kisha tujikemee na sisi.

Ilianza kama hadithi za kawaida za mizimu. Ndugu wawili, Sam na Dean Winchester, wanazunguka na gari lao wakiwinda mapepo kwa chumvi, moto na maneno ya Kilatini. Dean haamini kwamba Mungu yuko. Katika msimu wa 4 wakaja malaika, askari wasiojua Bwana wao yuko wapi. Katika msimu wa 11 ikafunuliwa kwamba Mungu ni Chuck, mwandishi wa riwaya tuliyemwona tangu ule msimu wa 4. Na mwishoni Chuck ndiye adui mwenyewe: anawatungia watu mateso ili hadithi yake inoge.

Huo ni uongo. Mungu wetu hakukaa pembeni na kalamu akitazama watu wakilia. Alitundikwa. Luther alifundisha huko Heidelberg mwaka 1518 kwamba Mungu hujulikana katika mateso na msalaba, si katika fahari tunazojibunia.

Lakini ni nani aliyewaandaa vijana wetu kuuamini uongo huo? Mama anamzika mtoto wake wa miaka miwili aliyekufa kwa malaria, nasi tunasimama kando ya kaburi na kutamka kwamba kazi ya Mungu haina makosa. Kisha tunakwenda kula. Tumemwambia nini mama yule, kama si kwamba kuna mtunzi mbinguni aliyelitaka kaburi hili? Na tunapokimbilia chumvi na mafuta ya upako, tunatofautiana na Dean kwa lipi?

Ndugu wale walimkataa Chuck. Walifanya vema, na sisi tulipaswa kumkataa kabla yao. Kijana akituuliza kuhusu tamthilia hii, tusimnyang'anye simu. Tumwambie kwamba Mungu huyo hata sisi hatumwabudu.

Na tukienda makaburini, tufunge midomo, tulie na mama yule. Yesu alipokuwa akienda kaburini kwa Lazaro, alilia.