Mto hauna wakili



Kitabu cha Kwanza cha Wafalme, sura ya 21, kinasimulia habari za Nabothi na shamba lake la mizabibu. Mara nyingi tunahubiri juu ya tamaa ya mfalme Ahabu, tukasahau kwamba shamba lile halikuporwa usiku na wezi. Liliporwa mchana, mbele ya wazee wa mji, kwa barua zenye muhuri na mashahidi wawili wa uongo. Utaratibu ulionekana kufuatwa, lakini haki iliuawa.

Ndugu zangu, somo hilo linatufaa tunapozungumzia mchanga wa mito yetu. Mwaka 2022 Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa lilikadiria kuwa dunia hutumia tani bilioni 50 za mchanga na kokoto kila mwaka. Sisi wa Korogwe, tunaoishi kando ya Pangani na Lwengera, na jirani zetu wa Handeni wenye mito ya msimu, tumo katika hesabu hiyo. Mchanga wa mto mkavu ni ghala la maji: chini yake ndimo akina mama wanamofukua wapate ndoo moja wakati wa kiangazi. Ukiuzoa wote, umezoa na kisima.

Kwa hiyo nchi imeweka sheria. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kudumu au za kuharibu ndani ya mita 60 kutoka mtoni. Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inauhesabu mchanga kuwa madini, na mchimbaji anatakiwa awe na leseni. Wenzetu wa Makueni, Kenya, walitunga sheria yao ya kuhifadhi mchanga mwaka 2015.

Sheria kama hizi zinapobana, wapo wanaokwenda mahakamani kuzipinga. Kufanya hivyo si dhambi. Ibara ya 26 ya Katiba yetu inampa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kulinda Katiba na sheria. Sheria inaweza kutungwa vibaya, au ikamwonea mnyonge. Ni halali jaji aulize: aliyeitunga alikuwa na mamlaka? Wananchi walisikilizwa? Katazo limepita kiasi?

Ila Mkristo aongeze swali moja: nani hayupo chumbani? Mwenye malori anaweza kuonyesha hasara yake kwa stakabadhi, na ana uwezo wa kumlipa wakili. Mto hauna wakili. Tena marekebisho ya mwaka 2020 yalimtaka anayefungua shauri la haki za msingi aonyeshe jinsi yeye mwenyewe alivyoathirika. Wa kwanza kuusemea mto ni yule ambaye shamba lake limemegwa na kisima chake kimekauka. Huyo akinyamaza, jaji atasikia upande mmoja.

Na wanyonge wakisema, husikilizwa. Mwaka 1988 wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, waliishtaki Halmashauri ya Jiji kwa taka zilizochomwa karibu na nyumba zao. Jiji liliomba liongezewe muda. Jaji Lugakingira akakataa, akikumbusha kuwa haki ya kuishi iliyo katika Ibara ya 14 inavunjwa pale hewa inapotiwa sumu. Huko India, mwaka 2012, Mahakama ya Juu iliona maeneo ya kuchimba yakigawanywa vipande vya chini ya hekta 5 ili kukwepa ukaguzi wa mazingira. Ikaamuru hata vipande vidogo vikaguliwe. Mjane wa Luka 18 hakuwa na fedha wala mjomba serikalini. Alikuwa na haki na miguu ya kurudi tena kesho.

Msinielewe vibaya juu ya kijana mwenye koleo. Anasimama majini tangu alfajiri, ukingo ukiwa umening'inia juu ya kichwa chake, kwa malipo yasiyotosha ada ya mwanawe. Kumkamata yeye na kuliachia lori lipite ni kuitumia sheria kama Yezebeli. Haki ni kumwonyesha sehemu iliyoruhusiwa, kumsaidia apate leseni na wenzake katika kikundi, na kumbana mnunuzi mkubwa kwanza.

Sisi wa Kanisa je? Tunajenga vigango, nyumba za mapadre na shule. Muumini anatoa tripu ya mchanga, tunapiga makofi. Nabii Amosi alifundisha kwamba Mungu hazipokei sadaka za watu wanaomkanyaga maskini. Basi kamati za ujenzi ziulize kabla ya makofi: mchanga huu umetoka wapi, na una kibali? Kama umechotwa chini ya daraja la kijiji au penye visima vya akina mama, tushukuru na kuukataa. Yesu alituonya tusijenge nyumba juu ya mchanga. Nadhani angetuonya pia tusimjengee Baba yake nyumba kwa mchanga wa wizi.