Njegere za Churchgate

Video imeniingilia kwenye simu Jumatatu, nami nimeirudia mara nne. Behewa la wanawake, treni ya Mumbai, jioni, hapana pa kutia mguu. Mama wa makamo, kitambulisho cha kazini bado kinaning'inia shingoni, ana mfuko wa njegere mapajani, anamenya. Aliyeketi kando yake hakuuliza wala hakuombwa: kachota konzi, naye kaanza kumenya. Tangu 1992 jiji hilo lina hata treni nzima ya wanawake peke yao, iliyoanza kati ya vituo vya Churchgate na Borivali.

*

Mwaka 2019 serikali ya India ilipima watu wanavyotumia muda wao. Miongoni mwa wanaofanya kazi za nyumbani zisizo na ujira, mwanamke alitumia dakika 299 kwa siku, mwanamume 97. Basi yule mama kapata ajira, lakini jiko hakuliacha nyumbani, kalikatia tiketi. (Mumewe yuko behewa gani, na mapajani ana nini?)

*

Wazee wa India hulalamika kwamba sari inakufa. Kweli, mabinti wengi wa mjini huitunza kwa harusi na Diwali. Siku za kazi ni jinzi, au kurta na suruali. Ila sari wanayoililia, ya marinda mbele na blauzi, ndiyo ya juzi: ilienea karne ya 19, na aliyewavalisha hivyo mabibi wa Calcutta ni Jnanadanandini Devi, wa ukoo wa Tagore, baada ya kuishi Bombay, Mumbai ya leo. Wauza samaki wa Kikoli, wenyeji wa Mumbai, wao huipiga ubinda: inapita katikati ya miguu na kuchomekwa nyuma, kisha kapu kichwani. Hiyo ni suruali ya kazi, iite utakavyo.

*

Delhi, kuanzia Oktoba 2019, mwanamke akipanda basi la umma alipewa tiketi ya waridi, bure. Jimbo la Karnataka likafuata Juni 2023. Mwenye mshahara atacheka: nauli ya basi nayo ni pesa? Amuulize anayeomba kila sarafu kwa mume, tena aeleze anakwenda wapi. Madereva wa bajaji wa Bengaluru, jimboni humo, walilia kwamba abiria wamewakimbia, na Septemba wakagoma. Mabasi ya kwenda Dharmasthala, penye hekalu la Manjunatha, yalikuwa yameshafurika: wanawake kwa wanawake, wanakwenda kuhiji.